Hatamu Iliyofukizwa Udi

Watu wa mtaa wetu wa Ziwa la Ng'ombe, hapa Kisauni, wamenicheka miaka, ati mwanamke wa buibui anafuga farasi kwenye ziwa la ng'ombe. Nami huwajibu kwamba ng'ombe wenyewe siwaoni na ziwa pia silioni, basi farasi wangu amemkosea nani? Nasema hivi ili mtu anijue mapema: mimi si mpole. Mpole alikuwa marehemu mume wangu, aliyekuwa akiwapandisha watoto farasi ufuoni Bamburi na kuwaongoza polepole, huku akiwasimulia uongo kwamba farasi yule alitoka Arabuni. Alipofariki, kila mtu alitarajia nitamuuza mnyama yule kabla eda haijaisha. Sikumuuza. Nilipotoka eda nilijifunga kanga kiunoni juu ya buibui, nikaenda naye ufuoni mwenyewe, na aliyetaka kunitazama alinitazama mpaka akachoka.

Kuvisha hatamu nilifunzwa na yeye marehemu. Hatamu ni ile mikanda ya kichwani: mmoja wapita utosini nyuma ya masikio, miwili yashuka mashavuni, mmoja puani na mmoja kooni. Hiyo ya mashavuni ndiyo inayoishika lijamu, chuma kinachokaa mdomoni, nacho ndicho kilichofungwa vigwe anavyoshika mpandaji. Asiyejua hudhani kazi ni kufunga tu, kama mtu afungavyo mkoba. Kazi yenyewe iko kwenye pembe ya mdomo. Lijamu ikikaa chini sana, farasi huichezea kwa ulimi mpaka akaivuka, na hapo hashikiki tena. Ikikaa juu sana, yampasua mdomo, na farasi mwenye maumivu mdomoni hana rafiki. Ngozi ya pale pembeni yatakiwa ikunjike mikunjo miwili, basi. Marehemu alikuwa akinionyesha kwa kidole, akiniambia, "Awe kama mtu aliyetaka kucheka, kisha akakumbuka yuko matangani." Maneno yake yalikuwa hivyo, nami nilikuwa nikicheka bila kukumbuka matanga yoyote.

Tulijaaliwa mtoto mmoja, wa kiume, ambaye sasa ni karani Changamwe na huenda kazini na shati lililopigwa pasi. Mwanangu yule kwa farasi ni mwoga, niseme kweli. Alipokuwa mdogo alitupwa mchangani akateguka bega, na tangu siku ile akawa anamlisha, anamwosha, anamsemesha, lakini mgongoni hapandi. Ndiyo maana nilishtuka siku aliyokuja jikoni, posa imeshakubaliwa na tarehe imeshatajwa, akasimama mlangoni akaniambia anataka siku ya harusi atoke msikitini aende kwa bibi harusi juu ya farasi wa baba. Nikamwuliza kama ana homa. Akanijibu kwamba baba hatakuwepo, na kama baba hatakuwepo basi angalau afike na kitu cha baba. Niligeuka nikakoroga chungu ambacho hakikuhitaji kukorogwa, kwa sababu sikutaka anione uso.

Basi kuanzia hapo nikawa na jambo moja tu moyoni. Mwanangu afike kwa mke wake juu ya farasi wa baba yake, na afike na mifupa yake mizima.

Shemeji yangu, kaka wa marehemu, ndiye aliyesimama mahali pa baba. Si mtu mbaya shemeji yangu. Ni mtu anayeogopa maneno ya watu, na Kisauni maneno yapo tele. Akakubali farasi, lakini akatia sharti. Maandamano ya kutoka msikitini ni ya wanaume, akasema, na mama wa bwana harusi mahali pake ni nyumbani kwa bibi harusi, pamoja na wanawake wenziwe, akimngojea mwanawe kama mama wengine wote. Kwa hivyo nimvishe farasi hatamu pale nyuma ya msikiti wakati nikahi inasomwa, kisha nipande tuktuk niende zangu kabla wanaume hawajatoka. Kamba ya kumwongozea farasi ataishika yeye mwenyewe. Nilitaka kumwuliza amewahi kumshika farasi lini, lakini nikajizuia. Njia ilikuwa fupi, vichochoro vitatu vinne, na farasi ni mzee. Lijamu ikikaa sawasawa, nilijiambia, atamsikiliza hata mtu asiyemjua vizuri. Nikakubali.

Hatamu niliisugua, nikaipaka mafuta ya nazi mpaka ikalainika, nikaipeleka nyumbani kwa wifi yangu, dada wa marehemu, kwani ndiko vitu vya bwana harusi vilikokusanywa: kanzu, joho, kilemba, makubadhi mapya. Hapo ndipo nilipokosea hesabu, ingawa nani angefikiri?

Siku yenyewe, baada ya sala ya alasiri, nilikuwa nyuma ya msikiti na farasi wangu, nimemfunga kwa ile kamba yake ya kichwani ya kila siku, isiyo na chuma, kwenye mwarobaini. Kipaza sauti cha msikiti kilikuwa kimewashwa, nasikia watu wakikohoa na kujipanga. Wifi yangu akaja na sinia ya halua, na mishipi ya asmini ya kumpamba farasi shingoni, na mfuko wa hatamu. Nilipoufungua ule mfuko nilipigwa na harufu puani.

Udi.

Nikamtazama wifi, naye akatabasamu kama mtu anayengoja kushukuriwa. Akanieleza. Jana yake alikuwa akizifukiza nguo za bwana harusi, akaiona ile hatamu imelala pale inanuka mnyama. Akasema moyoni, hivi kila kitu kitakachomgusa mtoto wetu kinukie isipokuwa hiki? Basi akainyunyizia marashi mpaka ikalowa, akailaza juu ya kikapu, chetezo chini yake, kuanzia alasiri mpaka isha, akitia makaa na udi, makaa na udi.

"Na si udi wa dukani, wifi," akaniambia. "Ni ule uliobaki wa harusi yangu mimi. Miaka yote naushikilia, sikupata mtoto wa kumfukizia."

Mtu kama huyo utamwambia nini? Mimi ambaye ulimi wangu haujui mlango, siku ile niliufunga. Nikamwambia ahsante, nikamkumbatia, na huku mkono wangu wa nyuma unaibinya ile ngozi. Ilikuwa kavu kama samaki wa ng'onda. Ngozi iliyoloweshwa ikakaushwa na moto haibaki ilivyokuwa, na mimi nilijua.

Ndani shehe akaanza hutuba ya nikahi. Nikajua muda wangu ni huo, akimaliza yeye nami nimemaliza. Nikapitisha vigwe shingoni mwa farasi, nikamvua kamba yake, nikasimama ubavuni kwake kushoto kama nilivyofunzwa. Mkono wa kulia ukaushika mkanda wa utosini juu ya pua yake, wa kushoto ukaileta lijamu kwenye midomo. Siku zote hufungua mdomo mwenyewe, kwa uvivu, kama mzee anayepewa dawa. Siku ile alinusa, akarudisha kichwa nyuma, akakaza meno.

Nikajaribu tena. Akaupiga mkono wangu kwa taya. Maskini, hakuwa na kosa. Hatamu anayoijua yeye yanuka jasho lake, na nazi, na mikono yetu. Hii iliyokuja ilikuwa imetoka chumba cha maharusi, yanuka moshi, na moshi kwa mnyama ni moto. Nikamsemesha kwa sauti aliyokuwa akimsemesha marehemu. Nikatia kidole gumba pembeni mwa mdomo, pale pasipo na jino, nikabonyeza. Meno yakabaki yamekazwa. Jasho lilikuwa likinitiririka ndani ya buibui, na shehe huyo anaendelea, sauti yake yatoka juu ya ukuta kana kwamba ananihimiza mimi.

Nikamwambia wifi alete halua. Akashangaa, ile ni ya wageni. Nikamwambia alete, wifi, alete. Nikachota kwa vidole, nikaipaka lijamu yote, na mafuta yakanishuka mpaka kiwiko. Farasi akanusa, akatoa ulimi, akalamba. Nikangoja. Akalamba tena, meno yakaachana kidogo, nami nikasukuma chuma ndani na kidole changu gumba kikiwa bado mdomoni mwake.

Na hapo hapo, kwenye kipaza sauti, nikamsikia mwanangu. "Nimekubali kumuoa," akasema, kwa mahari yaliyotajwa, sauti yake imekauka, na ndani wakaitikia. Nilikuwa nimeingojea sauti ile tangu siku aliyozaliwa. Nilikuwa nimejipangia nitainua mikono nimshukuru Mungu, nitamlilia baba yake kidogo. Mikono yote miwili ilikuwa kwenye kichwa cha farasi. Sikuinua chochote.

Kwa sababu mkanda wa utosini haukufika. Niliuvuta mpaka kwenye masikio, ukagoma. Nikazilegeza bizimu zote, vile vyuma vya kufungia mikanda, mpaka tundu la mwisho, nikalikunja sikio moja nikalipitisha, nikalikunja la pili nikalipitisha, na farasi akagutuka kwa uchungu. Ulikaa, lakini ulikaa kwa nguvu. Nikaangalia pembe ya mdomo. Mkunjo wa kwanza, wa pili, wa tatu, wa nne. Mdomo wote umevutwa juu, ufizi unaonekana na meno ya manjano yako nje. Nikatazama mikanda ya mashavuni kama naweza kutoboa tundu jingine kwa kisu. Pa kutoboa hapakuwapo, ngozi yenyewe imejikunja, imeisha. Nikajaribu kupitisha kidole kwenye ukanda wa pua, hata kimoja hakikupita.

Mlango wa nyuma ukafunguliwa, shemeji akatoka kuangalia kama tuko tayari. Uso wake uling'ara. Nyuma yake walitoka wanaume wawili watatu na simu zao mkononi.

"Mashallah," akasema. "Hebu mtazameni. Hata farasi anacheka."

Wote wakacheka, na wifi yangu akacheka kwa furaha mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya leso. Wakampiga picha. Na wallahi, kwa asiyejua, alikuwa anacheka kweli: kichwa juu, asmini shingoni, meno yote nje. Picha hizo zipo mpaka leo kwenye simu za watu, na kila akitumiwa mtu hufurahi. Mimi nilikuwa nikilitazama jicho lake, weupe umetokeza, na masikio yamelala nyuma, na miguu ya nyuma inahamahama. Nikamwona mwanangu juu ya mgongo ule. Nikaiona mikono yake ya uoga ikivuta vigwe kwa mara ya kwanza tu, ngoma za twari zinalia, vichochoro vimejaa watoto, na chuma kile hakina tena pa kwenda isipokuwa ndani ya nyama. Farasi angesimama kwa miguu miwili. Mwanangu angeangukia wapi, kwenye saruji au kwenye watoto, hilo sikutaka kulijua.

Nikaanza kufungua bizimu.

Shemeji akaacha kucheka. Akaniuliza nafanya nini, watu wako mlangoni. Nikamwambia hatamu imenywea, haimfai. Akaniambia ameiona kwa macho yake imekaa vizuri. Nikamwambia anachokiona si kicheko, ni mnyama anayeumia, na akimpandisha mtoto wetu hivi atamzika na kilemba chake. Maneno hayo yalitoka makali kuliko nilivyokusudia. Wifi yangu aliyasikia. Akaitazama hatamu mikononi mwangu, akanitazama mimi, na nikaona analielewa jambo lile polepole, mkono wake ukapanda mdomoni. Nilimwonea huruma, lakini nafasi ya kumbembeleza sikuwa nayo. Lijamu ilipotoka ilikuwa na halua na utelezi, na tone dogo la damu. Nikamwonyesha shemeji lile tone.

Twari zikaanza kugongwa mbele ya msikiti. Nikamrudishia farasi ile kamba yake ya kila siku, ile isiyo na chuma.

"Shemeji," nikamwambia, "bila lijamu hatamsikiliza mtu asiyemjua. Atanisikiliza mimi. Ama nimwongoze mimi, ama bwana harusi aende kwa miguu."

Alizishika ndevu zake. Najua alichokuwa akikiona: mwanamke mbele ya maandamano ya wanaume, mama mtu, mjane, mikono imejaa halua, na Kisauni nzima iko barazani. Akasema kwa sauti ya chini kwamba jambo hilo halijawahi kuonekana kwao. Nikamjibu kwamba nalijua, sikuzaliwa jana. Akasema basi mtoto aende kwa miguu, haina aibu, wengi huenda kwa miguu. Na alikuwa na haki, haina aibu. Nami nilikuwa tayari kukubali, Mungu ni shahidi, maana mifupa ni bora kuliko farasi. Lakini wakati huo huo umati ukazunguka kona ya msikiti, na katikati yake mwanangu, joho limempwaya mabegani, amekuwa mrefu ghafla kwa kile kilemba.

Akanikuta pale nilipopaswa nisiwepo. Akamtazama ami yake, akaitazama hatamu iliyolala chini, akakitazama kichwa cha farasi kisicho na kitu ila kamba. Sikumficha. Nilimweleza kwa ufupi, na nikamwambia kwamba baba yake asingemlaumu kwa kwenda kwa miguu. Midomo yake ilikuwa myeupe. Twari zikanyamaza moja moja, watu wakatusogelea wasikie.

"Kamba atashika nani?" akauliza.

Nikamwambia, mimi, kama wataniruhusu. Hakumtazama ami yake wala mtu mwingine. Alivua makubadhi akanipa, akaunyanyua mguu, na wanaume wawili wakampandisha.

Tulipoanza kutembea nilisikia mtu nyuma akiuliza, ndio nini hii, mwanamke tena? Sikugeuka. Kisha nikasikia hatua ubavuni, ng'ambo ya kichwa cha farasi, na alikuwa shemeji. Aliuweka mkono wake juu ya shingo ya farasi, mahali pa kuonekana na wote, akatembea nami sambamba kama jambo lililopangwa hivyo. Sijawahi kumshukuru kwa mkono ule ipasavyo.

Sitasema kwamba nilitembea kwa fahari. Niliogopa kila hatua. Kwenye kichochoro cha kwanza twari ziliruka kwenye kuta zikarudi maradufu, farasi akainua kichwa na kamba ikaniponyoka nusu ya kiganja kwa yale mafuta ya halua. Niliipangusa mikono kwenye buibui langu jipya, mmoja mmoja, bila kusimama. Kwenye kichochoro cha pili bodaboda alikuja mbele yetu akapiga honi, mpumbavu yule, na farasi akajipinda mwili mzima kama anayekaa. Shemeji akamkemea bodaboda. Mimi nilikileta kichwa cha farasi kifuani kwangu, nikamwambia upuuzi ule ule aliokuwa akiambiwa na marehemu, kwamba yeye ametoka Arabuni na Waarabu hawaogopi honi. Juu sikutazama. Niliogopa nikitazama nitaona mtoto anaanguka. Nikasikia tu sauti yake, ndogo, si ile ya kipaza sauti.

"Mama, usiniachie."

"Siachi," nikamwambia. "Shika manyoya, usishike roho yangu."

Nilimsikia akicheka, kicheko cha mtu mwenye hofu, na magoti yake yakalegea kidogo kwenye mbavu za farasi. Farasi akapumua. Tukaenda hivyo, hatua kwa hatua, mpaka nyumba ya bibi harusi ikaonekana, mlango umejaa maua na madirisha yote yamejaa wanawake. Vigelegele vilipopasuka hewani nilidhani vitamaliza kazi iliyoachwa na bodaboda, lakini mzee yule alisimama tuli, nami nikasimama naye mpaka mwanangu akateremka na miguu yake miwili ikagusa chini. Akavaa makubadhi. Akanibusu mkono, huo huo uliokuwa ukinuka udi na mate ya farasi. Kisha wanaume wakamzunguka wakamwingiza ndani akampe mkono mkewe.

Mlango ukafungwa. Kila mama wa Mombasa anajua kilichobaki. Bwana harusi huingia chumbani, hukiweka kiganja kwenye paji la uso la bibi harusi, humsomea dua, na mama yake husimama pale pembeni amejipamba, akilia machozi ya raha. Baada ya muda mfupi wifi yangu, aliyekuja na ile tuktuk niliyowekewa mimi, akatokeza dirishani. Macho yake yalikuwa mekundu. Akaniita nije upesi, wananingoja, hawataki kuanza bila mama. Shemeji akanyoosha mkono kuipokea kamba. Akaniambia niende nikamwone mwanangu, farasi atabaki naye.

Nikamtazama farasi. Hakuwa na chuma mdomoni, twari zilikuwa bado zinalia, na watoto walishaanza kumwingia chini ya tumbo wakigombea asmini. Nikamwambia shemeji hapana. Nikamwambia wifi waanze.

Dirisha la chumba lilikuwa wazi kwa ajili ya joto. Wanawake wakanyamaza, na nikamsikia mwanangu akiisoma ile dua, anakosea neno, anarudia, sauti inatetemeka kuliko ilivyotetemeka juu ya farasi. Ndani wote wakaitikia amina. Nami nikaitikia huku nje, taratibu, nisije nikamshtua farasi.